Ngazi ya maina (minor) ikikataa kutulia, angalia noti ya so
Wapiga kinanda wa kwaya hapa Nairobi, A maina ni noti zilezile za C meja (major), ila unaanzia la, yaani A: hatua nzima, nusu, nzima, nzima, nusu, nzima, nzima. Hiyo ni rahisi. Kazi iko kwenye kodi (chord, noti zinazopigwa pamoja) ya tano. Ukipiga E-G-B, wimbo hautulii kwenye A. Pandisha G nusu-hatua iwe G#, yaani so iwe se. Sasa F hadi G# ni nusu-hatua tatu, na soprano huteleza hapo. Sauti ikipanda, F nayo iwe F# (ba). Ikishuka, rudisha zote mbili. Na wakiimba ba, usishike D maina: F yake itagongana nayo.