Ndugu yenu akiitwa mhalifu sugu: mambo ya kuzingatia kabla amri ya kizuizi haijafika

Aliyeshtakiwa mahakamani anajibu jambo linalodaiwa kuwa amelitenda. Anayewekwa kizuizini kwa tahadhari, yaani kufungiwa kwa amri ya serikali bila kushtakiwa, anajibu jambo ambalo bado halijatokea, na ndiyo maana familia nyingi hushindwa pa kuanzia. Hubeba barua za viongozi wa dini na majirani kuthibitisha kwamba ni kijana mwema. Barua hizo hazidhuru, lakini amri nyingi zinazofutwa hufutwa kwa sababu ya tarehe na karatasi. Sifa za mtu huchangia kidogo sana.

Jambo la kwanza ni kujua sheria inayotumika, na kifungu chake. Afisa anayesema "tunamshikilia kwa usalama" bado hajajibu swali. Kuna nchi zilizofunga mlango huu: Katiba ya Kenya ya 2010, katika Ibara ya 29, hairuhusu kuzuiliwa bila kushtakiwa isipokuwa wakati wa hali ya hatari. Huko Ulaya, tangu hukumu ya mwaka 1980 dhidi ya Italia, Mahakama ya Haki za Binadamu inashikilia kwamba kumzuia mtu ili asitende kosa kunahitaji kosa mahususi linaloweza kutajwa. Kusema tu kwamba ana mwelekeo wa uhalifu hakutoshi. India, kwa upande wake, inaruhusu kizuizi hiki katika Katiba yenyewe, Ibara ya 22, na majimbo kadhaa yana sheria zake dhidi ya wanaoitwa wahuni na wahalifu sugu. Huko ndiko mahakama zimechora mipaka kwa undani zaidi, na mengi ya hapa chini yanatoka huko.

Kusanyeni mapema jalada la kila kesi aliyowahi kuwa nayo: namba, tarehe ya tukio, tarehe ya kukamatwa, uamuzi wa dhamana na mwisho wake. Hapa msifanye haraka. Tuseme amri imeorodhesha kesi saba, na ya tatu imeandikwa "inasikilizwa", wakati mlishapata nakala ya hukumu ya kumwachia huru. Kosa hilo moja linaonyesha kwamba aliyetia saini hakusoma jalada, na amri ya namna hii hutegemea kuridhika kwake yeye binafsi baada ya kupima ushahidi wote. Bila nakala yenye muhuri wa mahakama, mtabaki mnabishana kwa maneno matupu.

Kisha zipangeni kwa tarehe. Mwaka 2019 Mahakama ya Juu ya India ilifuta amri iliyotolewa katika jimbo la Telangana kwa kutegemea kesi za kati ya 2007 na 2016. Ilisema mambo hayo yalikuwa yamechakaa, hayana uhusiano hai na hatari inayodaiwa sasa. Angalieni pia idadi na mfululizo. Tangu 1984 mahakama hiyo inashikilia kwamba kuitwa mzoefu wa uhalifu kunataka matendo yanayojirudia, yenye uzi mmoja. Ugomvi mmoja na wizi mmoja uliopishana kwa miaka haufiki hapo. Tena si kila kosa linavuruga utulivu wa umma: aliyempiga jirani yake amevunja sheria, lakini mtaa mzima haukutikisika.

Dhamana nayo ina uzito wake. Kama ndugu yenu tayari yuko mahabusu na hajaomba dhamana, hoja kwamba "huenda akatoka" ni dhaifu. Mwaka 2011 Mahakama ya Juu ya India ilifuta amri ya jimbo la Tamil Nadu kwa msingi huo, ikasisitiza kwamba pale sheria ya kawaida inapotosha, kizuizi hakina nafasi. Akiwa nje kwa dhamana, polisi wakaona anavunja masharti, njia yao ni kuomba dhamana ifutwe. Kwa hiyo hifadhini kila ushahidi kwamba anaripoti anapotakiwa.

Siku amri ikifika, andikeni tarehe na saa aliyokabidhiwa. Chini ya sheria ya usalama wa taifa ya India ya 1980, kwa kawaida sababu hutolewa ndani ya siku 5, serikali ya jimbo huidhinisha ndani ya siku 12, suala hupelekwa kwa bodi ya ushauri, yaani jopo linalopitia amri, ndani ya wiki 3, bodi hutoa ripoti ndani ya wiki 7, na kikomo ni miezi 12. Tarehe moja ikirukwa, wakili ana cha kushika. Sababu ziwe katika lugha anayoielewa mzuiliwa. Afisa kumsomea na kumfafanulia kwa mdomo hakutoshi, na hilo liliamuliwa tangu 1962. Maelezo ya utetezi yaandikwe mara moja, yapelekwe kwa aliyetoa amri na kwa serikali, na mdai nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa. Yakikaa mezani bila maelezo, kuchelewa kwenyewe ni hoja.

Wakili mtafuteni kabla, kwa kuwa mbele ya bodi hiyo mzuiliwa hana haki ya kuwakilishwa na wakili, ila pale upande wa serikali unapomtumia wa kwake. Anaweza kusaidiwa na rafiki asiye mwanasheria. Chagueni mtu anayelijua jalada, asiyepandisha sauti.

Kwa aliyemaliza kifungo kisha akabakizwa kwa kuogopewa, hesabu ni nyingine. Ujerumani ilipomwongezea mtu muda kupita kikomo cha miaka 10 kilichokuwapo alipohukumiwa, Mahakama ya Ulaya ilisema mwaka 2009 kwamba hiyo ni adhabu inayorudi nyuma. Hapo karatasi ya kutafuta ni sheria ilivyosomeka siku ya hukumu.

Na amri ikifutwa, nakala ya uamuzi ibaki nyumbani. Amri mpya juu ya mambo yaleyale hutakiwa kuwa na tukio jipya, na afisa wa kituo kingine huenda hajasikia kwamba ya kwanza ilianguka.