Skripti ya makala ya safari: hesabu silabi, si maneno

Skripti ya makala ya video ya safari huandikwa mara mbili. Kabla ya safari unaandika mpango wa kupiga picha. Masimulizi yanasubiri hadi edita apange mkato wa kwanza, yaani toleo la awali la filamu. Ukiyaandika yote mapema, utakuja kusifia machweo ambayo kamera haikuyapata.

Tuseme unakwenda Kilwa Kisiwani. Mpango wa kurasa mbili unatosha: safu ya kushoto picha, ya kulia sauti. Kila eneo liwe na mtu wa kuhojiwa, maswali matatu, na dakika moja ya sauti ya mahali penyewe, watu wote wakiwa kimya. Dakika hiyo ikisahaulika, edita atajaza muziki, na kisiwa kizima kitasikika kama tangazo la hoteli.

Ukirudi, tazama shoti (vipande vya picha) zote na uandike kila moja inaanza na kuisha sekunde ya ngapi. Inachosha, lakini ukiiruka utaandikia picha zisizokuwepo.

Sasa masimulizi. Kipimo cha maneno 150 kwa dakika ni cha Kiingereza, kiache hukohuko. "Hatutawaonyesha" ni neno moja lenye silabi saba. Msimulizi asiye na haraka husoma kama silabi tano kwa sekunde. Shoti ya bwawa la pembe nane la Husuni Kubwa, jumba la kale la sultani wa Kilwa, ikiwa na sekunde nane, acha moja mwanzoni na moja mwishoni: umebakiwa na silabi 30. Usizimalizie kwa "hili ni bwawa la pembe nane", mtazamaji analiona. Mpe asichokiona, kama ujio wa msafiri maarufu wa karne ya 14: "Ibn Battuta alipokelewa na sultani aliyejenga jumba hili." Silabi 24, pumzi imebaki. Ukichomeka "mwaka 1331" umekwama, kwa sababu tarakimu hizo nne mdomoni ni silabi 15, sekunde tatu nzima. Mwaka uandikwe kwenye skrini.

Edita akihamisha shoti, pitia upya kila "hili", "huu" na "hapa". "Jumba hili" likiangukia picha ya Msikiti Mkuu, umepotosha watu bila kubadili hata herufi.

Gereza, ngome ya kisiwani, nalo huwaponza wengi. Wareno walijenga ngome mwaka 1505, ila kuta zinazoonekana leo kwa sehemu kubwa ni za Waomani waliokuja baadaye. Ukisema "ngome ya Wareno" tu, wenyeji watakucheka, na wana haki.

Malipo yako ya uandishi yahesabiwe kwa dakika za filamu iliyokamilika, na mkataba utaje marekebisho mawili. La tatu lina bei yake. Bila hivyo utaandika upya kila mfadhili anapobadili mawazo.

Nakala ya msimulizi iwe na herufi kubwa na mistari iliyoachana, namba zote ziandikwe kwa maneno, na sentensi isikatike mwisho wa ukurasa: mchakacho wa karatasi huingia kwenye maikrofoni.