Jinsi ya kusikia sauti za wasimuliaji ndani ya Injili

Watu wengi wakibishana kuhusu Injili wanabishana kwa namna mbili tu. Mmoja anasema kila neno liko vile vile lilivyotamkwa, kama vile kuna mtu alikuwa pale anarekodi na simu, mwingine anasema ah, hizo ni stori za kusikia, zimeshapindishwa zamani. Mimi naona wote wawili hawajakaa chini wakazilinganisha. Kuzilinganisha sio kazi ngumu wala huhitaji kujua Kigiriki, lugha ambayo Agano Jipya liliandikwa, chukua Biblia (natumia Union Version, Kiswahili chake cha kizamani kidogo lakini hakirembi sana), kalamu za rangi mbili, na saa moja ambayo hakuna mtu atakupigia.

Kwanza weka miaka kichwani. Yesu alisulubiwa karibu na mwaka 30. Barua ya kwanza ya Paulo kwa Wakorintho iliandikwa kama mwaka 54 au 55 hivi, na Marko, ambayo wasomi wengi wanaona ndiyo Injili iliyotangulia, ni karibu na mwaka 70, ule Warumi waliobomoa hekalu la Yerusalemu. Sasa hapo katikati kuna kama miaka 40 watu wanasimuliana, wanafundishana, wanakula pamoja na kuomba, na mengi yako mdomoni tu. Kwamba Mathayo ndiyo ya kwanza ukifungua Agano Jipya isikuchanganye, huo ni mpangilio wa kitabu.

Kwa hiyo anza na Paulo, 1 Wakorintho 15:3-7, na usome kwa sauti. Nasisitiza kwa sauti kwa sababu wakati ule wanaojua kusoma walikuwa wachache, mmoja anasoma wengine wanasikiliza, hata Ufunuo 1:3 inasema heri asomaye, mmoja, na wao wayasikiao, wengi. Ukisoma hivyo utasikia inavyopiga: ya kwamba alikufa, ya kuwa alizikwa, ya kuwa alifufuka, ya kuwa alimtokea Kefa (yaani Petro). Fupi fupi, zinafuatana, yaani ni kitu kilichotengenezwa kikae kichwani. Na Paulo wala hajifichi, anasema anawapa kile alichokipokea na yeye. Kupokea na kukabidhi ndivyo walimu wa Kiyahudi walivyosema kuhusu mafundisho yanayotoka kwa mwalimu kwenda kwa mwanafunzi. Zungushia hayo maneno mawili, halafu nenda Wagalatia 1:18 uone alikaa siku 15 kwa huyo huyo Kefa, sidhani walikuwa wanaongelea hali ya hewa.

Sasa njoo kwenye kazi yenyewe. Fungua Mathayo 8:5-13 na Luka 7:1-10, stori ya yule akida (mkuu wa askari) wa Kapernaumu ambaye mtumishi wake anaumwa. Rangi moja pigia mstari yanayofanana, nyingine yanayotofautiana. Utashangaa. Kwa Mathayo akida anakuja mwenyewe mpaka mbele ya Yesu. Kwa Luka hakanyagi kabisa, anatuma wazee wa Wayahudi wamwombee, nao wanampigia debe kwamba analipenda taifa letu na ametujengea sinagogi, halafu Yesu akikaribia anatuma tena marafiki. Mathayo ana maneno kuhusu watu watakaotoka mashariki na magharibi waketi na Ibrahimu, na Luka anayo pia ila kayaweka mbali huko, 13:28-29, kwenye mazungumzo mengine kabisa. Lakini angalia katikati pale: sistahili uingie chini ya dari yangu, sema neno tu, namwambia huyu nenda naye huenda, na mshangao wa Yesu kwamba hata katika Israeli hajaona imani kama hiyo. Hapo rangi yako itakuwa moja tu. Kingo za stori zinacheza, kiini hakichezi. Ndivyo msimuliaji mzuri anavyofanya, anajua ni wapi ana ruhusa ya kuongeza chumvi na ni wapi akibadilisha tu waliokaa watamkatiza.

Niliwahi kujaribu hii kwenye jumuiya yetu, nikawasomea mara moja, wiki iliyofuata nikaomba wanisimulie bila kitabu. Kapernaumu ilishapotea, mgonjwa kageuka mtoto wa akida, ila "sema neno tu" walilitamka wote kwa pamoja kama wanafunzi. Mama mmoja akacheka, akasema mwanangu hilo tunalisema kila Misa kabla ya kukomunika, tutalisahauje? Na kweli, jaribio langu likawa limeharibika, lakini nikapata kitu bora zaidi, kwamba neno likiingia kwenye ibada halitoki. Basi ndiyo ukalinganishe karamu ya mwisho, Marko 14:22-25 na 1 Wakorintho 11:23-25, meza ile ile, mkate, kikombe, agano, na "fanyeni hivi kwa ukumbusho wangu" iko kwa Paulo na Luka, kwa Marko haipo.

Kingine, tafuta maneno ya Kiaramu, lugha aliyoongea Yesu, yaliyobaki ndani ya Kigiriki bila kuguswa: Efatha, Aba, Maranatha, na "Talitha kumi" ya Marko 5:41, ambayo nikiwa mdogo niliamini inahusu namba kumi, kumbe ni msichana anaambiwa inuka. Angalia na majina. Marko 15:21 anamtaja Simoni Mkirene kuwa baba yao Iskanda na Rufo, bila maelezo yoyote, kama vile wasikilizaji wanawafahamu hao vijana. Mathayo na Luka wamewaacha.

Ila usione simulizi ya mdomo kila mahali. Linganisha Mathayo 3:7-10 na Luka 3:7-9, Yohana Mbatizaji anawaita watu wazao wa nyoka, na kwenye Kigiriki hotuba yake inafanana karibu neno kwa neno. Hapo kuna karatasi, mtu ana maandishi mbele yake anakopi. Luka mwenyewe mwanzoni kabisa anakiri wengi wameshaandika kabla yake, na anataja pia waliowahadithia kwa sababu waliona kwa macho.

Ukimaliza hayo yote, jipe homuweki moja: "ni heri kutoa kuliko kupokea", maneno ya Bwana Yesu, yako Injili gani? Mimi nilipekua jioni nzima, zote nne, hayamo. Yako Matendo 20:35, Paulo anawaambia wazee wa Efeso wayakumbuke.