Mgonjwa anapaliwa: jinsi ya kupima na kusaidia kumeza, kwa anayeanza kazi wodini

Wengi wetu tukianza hii kazi ya kupima na kutibu shida za kumeza tunaingia na wazo moja kichwani, kwamba mgonjwa akikohoa wakati wa kula ana shida ya kumeza, na asipokohoa yuko salama. Lifute kabisa hilo. Kuna wagonjwa maji yanaingia kwenye njia ya hewa na hawashtuki, hawakohoi, hata chozi halitoki, wanafungua mdomo wanataka kijiko kingine. Hiyo ndo aspiresheni ya kimya, na ukishaiona kwenye picha ya eksirei mara moja tu hutakaa uandike "hajakohoa, aendelee kula" kwenye faili la mtu bila kufikiria mara mbili.

Sasa kama kikohozi hakitoshi utatumia nini? Utatumia vitu vingi vidogo kwa pamoja, na sehemu kubwa unaviona kabla hujamwekea mgonjwa kitu chochote mdomoni.

Anza kwa kujua nini kinatakiwa kutokea. Tonge likiwa mdomoni linatafunwa na kulainishwa kwa mate, ulimi unalikusanya na kulisukuma nyuma, likifika kwenye koromeo kila kitu kinafanyika ndani ya kama sekunde moja hivi: kaakaa laini linapanda kuziba njia ya puani, kongomeo (kisanduku cha sauti) linapanda juu na kwenda mbele, nyuzi za sauti zinafunga, pumzi inasimama, mlango wa umio (njia ya chakula) unafunguka, tonge linapita, pumzi inarudi. Baada ya hapo ni umio kulishusha tumboni. Mishipa ya fahamu ya kichwa inayobeba kazi hii zaidi ni wa 5, wa 7, wa 9, wa 10 na wa 12. Usiikariri kama shairi, jiulize kila mmoja ukilegea utaona nini. Wa 7 ukilegea midomo haifungi vizuri, chakula kinadondoka au kinajificha shavuni. Wa 12, mwambie atoe ulimi nje utaona unaelekea upande ulio dhaifu. Wa 10, sauti inakwaruza au ina hewa hewa na kikohozi kinatoka kinyonge. Ukifikiria hivi unakuwa tayari na dhana kabla hujagusa kijiko.

Halafu kaa uongee na mgonjwa, na anayemlisha pia, maana mgonjwa mwenyewe mara nyingi ameshazoea na anakuambia hana shida. Uliza ni maji au vitu vigumu vinavyomsumbua, shida ilianza ghafla au polepole, kilo zimepungua, amewahi kulazwa kwa nimonia, anatumia muda gani kumaliza kula, kuna chakula ameacha kabisa bila kumwambia mtu. Hilo la mwisho linatoa siri nyingi sana. Kuna fomu ya EAT-10, maswali 10 kila moja linajibiwa kuanzia 0 mpaka 4, jumla ikifika 3 au zaidi ujue si kawaida. Ni fupi na inafaa kumfuatilia mtu kabla na baada ya tiba, ila inapima anavyojisikia mgonjwa, kwa hiyo asiyehisi kitu kooni atajaza sifuri zote na bado anapaliwa.

Hapo hapo kwenye maongezi sikiliza kitu kingine, kama shida ni ya chini zaidi kwenye umio. Mtu anakuambia alianza kukwamiwa na vigumu, baada ya muda vilaini navyo vikagoma, sasa hata maji ni shida na amekonda, huyo usikae naye wiki sita unamfanyisha mazoezi ya ulimi, apelekwe endoskopi (kamera ya kuangalia ndani ya umio) haraka kwa sababu kansa ya umio inakuja kwa sura hiyo. Anaesema vigumu na vimiminika vilimsumbua pamoja tangu mwanzo, fikiria tatizo la misuli ya umio kama akalezia. Na usidanganywe na kidole, mtu anaweza kuonyesha shingoni kabisa "hapa ndo kinakwama" kumbe kimekwama kifuani.

Sasa mwangalie. Yuko macho kiasi cha kukaa na wewe dakika kumi na tano? Kama anasinzia katikati ya sentensi hakuna kipimo leo, rudi baadae. Anapumua mara ngapi kwa dakika? Mtu anaehema mara 30 kwa dakika hana nafasi ya kusimamisha pumzi ameze, hata koo lake likiwa zima. Anameza mate yake mwenyewe au yanachuruzika? Mwambie akohoe kwa makusudi, sikiliza nguvu. Mwambie aseme "aaa" ndefu, sauti ikiwa na majimaji kama kuna kitu kinachemka kooni ujue mate yameshakaa pale pale kwenye nyuzi za sauti na wewe bado hujampa kitu. Fungua mdomo, washa tochi, angalia meno, ulimi, ukavu, makohozi yaliyogandia juu kwenye kaakaa. Nimeona mdomo ambao haujasafishwa siku nyingi halafu watu wanabishana maji yake ya kunywa yatiwe unga yawe mazito kiasi gani!

Kuhusu kumgusa koo nyuma aone kichefuchefu, acha. Kukosekana kwa hiyo rifleksi hakukuambii kama mtu anapaliwa, wapo watu wazima wenye afya hawana kabisa na wanakula vizuri.

Kusafisha mdomo ifanye kabla ya kumpa chochote, halafu mkalishe wima, nyonga zirudi nyuma kabisa kwenye kiti, kichwa katikati. Weka mkono wako: kidole cha shahada chini ya taya, cha kati kwenye haiyoidi (mfupa mdogo ulio juu ya kongomeo), viwili vinavyofuata juu na chini ya kongomeo. Gusa tu kidogo usibane. Ulimi ukianza kusogea utausikia kwa kidole cha kwanza, kongomeo likipanda utalisikia kwa vile vya chini, na muda kati ya hivyo viwili ndo unaokuonyesha kama koo linachelewa kuitika.

Anza kidogo. Kijiko kimoja cha chai cha maji, subiri, sikiliza sauti, subiri tena. Kikipita vizuri rudia, kisha mpe anywe kwenye kikombe. Kama hajaonyesha dalili na yuko imara, kuna kipimo cha maji cha 90 ml, anakunywa yote mfululizo bila kupumzika. Akishindwa kumaliza, akisimama simama, akikohoa wakati wa kunywa au ndani ya dakika moja baadae, au sauti ikabadilika, amefeli. Kipimo hiki kinakamata watu wengi kwa sababu kiasi kikubwa cha maji kinamlazimisha hata mwenye hisia hafifu akohoe, ila kinafelisha pia watu ambao wangeweza kula kitu bila shida, kwa hiyo kufeli maana yake ni "apimwe zaidi", haimaanishi afungiwe chakula. Na usimpe mtu mwenye trakeostomi (tundu la kupumulia shingoni) au anaehema sana halafu ukasema nimefuata mwongozo.

Mgonjwa wa kiharusi hii isubiri mpaka umefanya skrini, yaani uchunguzi mfupi wa awali wa kumeza, asipewe chochote mdomoni hata vidonge mpaka mtu aliyefundishwa amemwangalia, na hiyo skrini ifanyike mapema, masaa machache toka afike, maana kila saa inayopita ni saa hajanywa maji wala dawa. Nesi akiwa amefundishwa anaweza kuifanya vizuri kabisa, usiishikilie iwe ya fani yako peke yako.

Baada ya maji jaribu uzito tofauti, kitu laini kilichosagwa, kisha cha kutafuna. Angalia mdomoni kila baada ya kumeza, maana mabaki shavuni yanateleza nyuma dakika tano baadae wewe ukiwa umeshaondoka. Hesabu anameza mara ngapi kwa kila tonge. Na uwe na subira ya kumwangalia mpaka mlo uishe, wengi kijiko cha kwanza wanafaulu na cha kumi na tano wameshachoka.

Ukifika mwisho na bado hujui kinachotokea kooni, omba picha. Kuna mbili. Videofluoroskopi ni eksirei inayotembea, mgonjwa anameza chakula kilichochanganywa na bariamu na unaona safari nzima kuanzia mdomoni. FEES ni kamera nyembamba inayopita puani, Susan Langmore na wenzake waliielezea mwaka 1988, haina mionzi, inafanyika kitandani, unaona mate na mabaki na nyuzi za sauti vizuri sana, ila kile kitambo chenyewe cha kumeza picha inakuwa nyeupe huoni kitu, unasoma kilichotokea kwa yaliyobaki kabla na baada. Kwa matokeo wengi tunatumia skeli ya Rosenbek ya mwaka 1996 yenye namba 1 mpaka 8, 1 ni hakuna kilichoingia njia ya hewa, 8 ni kimepita chini ya nyuzi za sauti na mgonjwa hajafanya jitihada yoyote kukitoa. Hiyo 8 ndo yule wa mwanzo anaeomba kijiko kingine.

Usimpeleke mtu kwenye picha kuuliza "anapaliwa au hapaliwi". Nenda na swali: anapaliwa kwa nini, lini, na nikigeuza kichwa inasaidia? Jaribu mbinu zako pale pale kwenye picha, vinginevyo umemchoma mionzi ukapata jibu la ndio au hapana ambalo halikusaidii kupanga tiba.

Na hapa kwenye tiba ndo naona vijana wanaharibu, kila mgonjwa anaandikiwa maji mazito na kuinamisha kidevu, kama dawa ya maumivu. Kila mbinu ina kosa lake inaloliponya. Kuinamisha kidevu inasaidia koo linapochelewa, lakini kama mabaki yamelala kwenye vibonde vya pembeni ya kongomeo, ukimuinamisha unaweza kuyamwaga ndani. Udhaifu wa upande mmoja wa koromeo, mgeuze kichwa kuelekea upande DHAIFU, ule upande unajifunga na tonge linapita upande mzima, watu wanakosea hili kila siku. Kubana pumzi kabla ya kumeza na kukohoa mara baada yake inalinda njia ya hewa, ila mwenye matatizo ya moyo kuwa mwangalifu, kubana vile kumeonekana kuvuruga mapigo kwa baadhi ya wagonjwa wa kiharusi.

Maji mazito yanapunguza kupaliwa kwa baadhi ya watu, ni kweli. Yanaacha pia mabaki mengi zaidi kooni, watu hawayapendi, wanakunywa kidogo, wanakaukiwa maji. Ukiyaandika uwe na sababu na tarehe ya kuyapima tena. Na usiandike "mazito kiasi", tumia ngazi za IDDSI, mfumo wa kimataifa wa kupanga vinywaji na vyakula kwa uzito na ulaini, zinaenda 0 mpaka 7. Kupima kinywaji unahitaji sirinji ya 10 ml tu: ziba tundu la sirinji kwa kidole, jaza mpaka 10, achia sekunde 10, angalia kilichobaki. Chini ya 1 ml ni ngazi ya 0, kati ya 1 na 4 ni ya 1, kati ya 4 na 8 ni ya 2, zaidi ya 8 ni ya 3, isipotoka kabisa ni ya 4. Ila sirinji zinatofautiana, ile inayotakiwa toka mstari wa sifuri hadi wa 10 ni 61.5 mm, pima kwa rula. Vyakula vinapimwa kwa uma: ngazi ya 5 vipande visizidi 4 mm kwa mtu mzima, ambayo ndo nafasi kati ya meno ya uma wa kawaida, ngazi ya 6 visizidi sentimita 1.5. Unga wa kufanya maji mazito ulio wa wanga unazidi kuwa mzito ukikaa, na mate yanaukata ukawa mwepesi mdomoni, ule wa zanthani hauna shida hiyo, kwa hiyo jua kilichopo kwenye kopo lako.

Mazoezi yanataka mgonjwa anayeelewa na mwenye nguvu ya kurudia. Zoezi la Shaker, kulala chali na kunyanyua kichwa kuangalia vidole vya miguu, dakika moja mara 3 halafu kunyanyua haraka mara 30, mara 3 kwa siku kwa wiki 6, linasaidia mlango wa umio kufunguka, ila mwenye shingo mbovu au trakeostomi hapana. La Masako, kumeza huku umeshika ulimi kati ya meno, ni la mate tu, usiwahi kumpa mtu chakula wakati analifanya.

Narudi kwenye kusafisha mdomo. Langmore na wenzake mwaka 1998 waliangalia nani hasa anapata nimonia, na walichokuta ni kwamba shida ya kumeza peke yake haikutosha, waliougua walikuwa wale wanaotegemea kulishwa na mtu, wanaosafishwa mdomo na mtu, wenye meno mabovu mengi, wanaolishwa kwa tyubu, wanaovuta sigara. Mswaki uwe kwenye mpango wako umeandikwa na nani anaufanya na saa ngapi. Na ukimwekea mtu tyubu usifikiri umemaliza, mate yake bado yanashuka kule kule. Kwa mwenye dimensia iliyofika mbali tyubu haijaonyesha kumuongezea maisha, hapo kaa na familia, waeleze polepole, kula kidogo kwa mkono wa mtu anayempenda mgonjwa huwa ni jibu sahihi kabisa hata kama hatari ya kupaliwa ipo.

Vidonge: kabla hujasema visagwe muulize mfamasia, vile vya kutoa dawa polepole ukivisaga dawa yote inatoka kwa mpigo. Mwenye ugonjwa wa Parkinson panga mlo wakati dawa yake inafanya kazi, utakuta ni mgonjwa mwingine kabisa.

Mwisho andika kitu ambacho nesi wa usiku anaweza kukifuata bila kukupigia simu. "Akae wima, kijiko kidogo, ameze mara mbili kila tonge, kichwa kigeukie kushoto, mdomo usafishwe kabla na baada, abaki amekaa dakika 30, simamisha sauti ikiwa na majimaji." Bandika juu ya kitanda, weka tarehe ya kurudi. Wa kiharusi wiki ya kwanza anabadilika haraka, mpitie kila siku ikiwezekana, maana alichozuiwa Jumatatu anaweza kukila Alhamisi na hakuna atakayemruhusu kama wewe hujarudi.