Namna ya Kuandika Wasifu wa Winga wa Uingereza wa Miaka ya 1950

Anayetaka kuandika maisha ya uwanjani ya winga wa Uingereza wa katikati ya karne ya ishirini mara nyingi huanza kwa kutafuta idadi ya mabao, na hapo ndipo anapopotea. Kazi ya winga wa wakati ule ilikuwa kuambaa na mstari wa pembeni, kumpita beki, kufika karibu na kibendera cha kona na kuwamiminia wenzake krosi; lakini pasi ya mwisho, ambayo leo huhesabiwa kila wiki, haikuingizwa katika kumbukumbu rasmi za ligi. Winga Stanley Matthews aliichezea timu ya taifa mechi 54 akafunga mabao 11, na winga mwenzake Tom Finney alicheza 76 akafunga 30. Ukitegemea takwimu hizo pekee utajua nani alitikisa nyavu zaidi, wala hutajua nani aliwasumbua mabeki zaidi. Kwa hiyo jiwekee kanuni moja tangu mwanzo: kila bao la timu yake ulifuate kinyumenyume, kutoka wavuni hadi kwa mguu ulioanzisha shambulizi.

Kabla ya mabao, panga kalenda, kisha weka alama kwenye pengo la Vita Kuu ya Pili ya Dunia. Ligi ilisimama Septemba 1939, msimu ukiwa umeanza tu, na haikurejea katika hali yake ya kawaida hadi Agosti 1946. Mechi zilizochezwa kati ya hapo hazimo katika hesabu rasmi, kwa hiyo usizijumlishe na nyingine, lakini pia usizifute. Zipe aya yake. Matthews, aliyezaliwa Hanley tarehe 1 Februari 1915, alikuwa na miaka 24 ligi iliposimama na 31 iliporudi. Finney, aliyezaliwa Preston mwaka 1922, alikwenda jeshini, akafika Misri na Italia, na alipocheza mechi yake ya kwanza rasmi ya ligi alikuwa tayari na miaka 24. Kumwita mchezaji aliyechelewa kuiva ni kumwonea. Pengo hilo pia hueleza mambo ambayo bila hilo huonekana kama yameanguka kutoka mbinguni. Matthews alitumikia jeshi la anga karibu na Blackpool na kuichezea klabu ya mji huo kama mchezaji mgeni, na ndiyo maana uhamisho wake kutoka Stoke City mwezi Mei 1947, kwa pauni 11,500, ulimpeleka mahali alipokwisha kupazoea.

Soma namba za jezi kwa uangalifu. Wakati ule namba iliandika nafasi, haikuandika mtu: saba ni winga wa kulia, kumi na moja ni winga wa kushoto, na mchezaji aliyehamishwa upande alibadilishiwa jezi. Finney, ambaye mguu wake wa asili ulikuwa wa kushoto, alivaa saba, akavaa kumi na moja, na baadaye akavaa tisa kama mshambuliaji wa kati. Tengeneza orodha ya mechi zake ukiandika namba mbele ya kila moja, nawe utaona bila kubahatisha ni lini kocha alimtaka wapi, na ni lini mabao yaliongezeka kwa sababu tu alisogezwa karibu na lango.

Sasa chagua mechi moja na uikalie. Ninapendekeza fainali ya Kombe la FA ya mwaka 1953, Blackpool dhidi ya Bolton Wanderers, kwa kuwa hakuna mechi inayofundisha zaidi namna ya kufuata mpira kinyumenyume. Blackpool ilishinda 4-3. Stan Mortensen alifunga matatu, Bill Perry, mzaliwa wa Johannesburg, akafunga la mwisho, na Matthews hakufunga hata moja, ilhali fainali hiyo inaitwa kwa jina lake hadi leo. Usitosheke kusema kwamba alicheza vizuri. Angalia upande wa kushoto wa Bolton. Kiungo wao Eric Bell aliumia msuli wa paja mapema, na kwa kuwa sheria haikuruhusu mchezaji wa akiba, alipelekwa pembeni kuchechemea huku Harold Hassall akirudishwa nyuma kuziba nafasi yake. Bell mwenyewe, pamoja na maumivu hayo, alifunga kwa kichwa na kuifanya 3-1. Lakini kadiri dakika zilivyosonga, beki wa kushoto Ralph Banks alianza kukazwa na misuli, na mtu aliyekuwa mbele yake alikuwa Matthews. Katika bao la nne Matthews anampita beki, anafika karibu na mstari wa goli, anaurudisha mpira nyuma huku akiteleza na kuanguka, na Perry anaupiga wavuni. Sentensi kama hiyo, yenye beki aliyechoka na winga aliyeanguka, ina thamani kuliko sifa kumi za jumla, nayo haimpunguzii Mortensen haki yake.

Kuhusu ripoti za magazeti, kumbuka kwamba yale ya jioni ya Jumamosi yalichapwa kwa haraka kutokana na habari zilizosomwa kwa simu toka uwanjani, hivyo kipindi cha kwanza huelezwa kwa kirefu na bao la mwisho hupewa mstari mmoja. Yalinganishe na ya Jumatatu.

Fedha zinahitaji aya fupi ila sahihi. Mishahara ilikuwa na kikomo hadi Januari 1961, na hata mwishoni kikomo hicho kilikuwa pauni 20 kwa wiki. Palermo ya Italia ilipomtaka Finney mwaka 1952 kwa ahadi ya donge nono, klabu yake, Preston North End, ilikataa, na kwa utaratibu wa wakati ule hakuwa na njia ya kuondoka bila idhini ya klabu. Kwa hiyo unapoandika kwamba alikaa klabu moja hadi 1960, na kwamba aliendelea na ufundi wake wa mabomba, usiandike uaminifu peke yake. Andika na mkataba. Naamini alikuwa mwaminifu kweli, lakini msomaji anastahili kuona mlango uliokuwa umefungwa.

Mwisho, hakiki kila dai la umri kwa tarehe mbili, ya kuzaliwa na ya mechi. Matthews alipewa Ballon d'Or, tuzo ya mchezaji bora wa Ulaya, ya kwanza kabisa mwaka 1956, akiwa na miaka 41, akarudi Stoke City mwaka 1961, na mechi yake ya mwisho ya ligi aliicheza tarehe 6 Februari 1965. Toa tarehe moja kwa nyingine: miaka 50 na siku tano. Hesabu hiyo iandike kwa tarakimu, bila kivumishi chochote mbele yake.