Unataka kutengeneza dokumentari ya familia yako? Kamera iache kwanza

Watu wengi wakipata wazo la kurekodi familia yao wanakimbilia kuazima kamera, mi nakwambia iache kwenye begi hata wiki nzima. Nenda nyumbani ukae tu, chambua mchicha na bi mkubwa, kaa barazani na mzee, sikiliza nani akiongea anakatishwa na jina gani likitajwa watu wote wanaanza kuongelea mvua. Hilo jina ndo filamu yako.

Ukianza kurekodi usimkalishe mama sebuleni kama anasoma taarifa ya habari, atakuongelea Kiswahili cha mgeni rasmi. Mpe kazi mkononi, akune nazi, akunje nguo, au mpe albamu ya zamani umuulize "mama, huyu aliyesimama pembeni ni nani?" halafu unyamaze. Kunyamaza ndo kugumu kuliko vyote maana we ni mwanae, akikaa kimya unataka umbembeleze, ubadilishe mada, usifanye hivyo, hesabu mpaka kumi moyoni. Na lile swali la "baba aliondoka kwa nini" lisiwe la siku ya kwanza, wala ya kumi.

Sauti sasa. Picha ikiwa na giza mtu anavumilia, sauti ikiwa mbovu anafunga. Maiki ndogo ya kubana kwenye nguo inatosha, angalia tu kanga isiisugue. Zima feni, zima friji, na funguo zako ziweke ndani ya hiyo friji ili usiondoke bila kuiwasha (mi nilishaozesha samaki wa shangazi, mpaka leo nakumbushwa). Ukimaliza rekodi dakika moja ya chumba kikiwa kimya, itakuokoa kwenye kuediti. Kama kuna taa za tyubu, umeme wetu ni 50Hz, so weka fremu (picha) 25 kwa sekunde na shata, yaani muda wa kila picha kupokea mwanga, 1/50 ya sekunde, bila hivyo picha inaweza kuchezacheza. Faili nakili sehemu tatu, moja isiwe nyumba hiyohiyo.

Vibali ulizia mapema, kwa Tanzania Bara ni Bodi ya Filamu. Hela za dokumentari huku kwetu waangalie Docubox wa Nairobi, na filamu ikiisha kuna tamasha la filamu la ZIFF pale Zanzibar.

Ila ruhusa yenyewe haiko kwenye karatasi, mama atakusainia chochote, si unawajua. Muoneshe kabla ya mtu yeyote, peke yake, shemeji na majirani wasiwepo. Akisema kipande fulani toa na ni siri yake, toa bila kubishana. Kama ni aibu yako wewe unaificha kwa mgongo wake, hapo jiulize vizuri.

Wangu aliangalia yote bila kusema neno. Mwisho akaniambia, "We mtoto, umeniacha kilemba kimepinda saa nzima?" Nikamuuliza, na ile sehemu ya baba? Akasema hiyo iache.