Kumwaga zege jipya juu ya sakafu ya zege ya zamani

Nimetoka kumsaidia jirani kung'oa tabaka la zege lililomwagwa juu ya sakafu iliyofagiwa tu. Lilibanduka kwa mtaimbo, vipande vizimavizima. Zege lenyewe lilikuwa zuri. Halikuwa na pa kushika.

1. Gonga sakafu yote kwa nyundo. Panapolia kama debe tupu pameachana: pavunje. Ufa ambao upande wake mmoja unashuka ukikanyagwa usiufunike, utajitokeza juu.

2. Panga unene usiopungua milimita 50. Kokoto isizidi theluthi ya unene huo. Angalia pia milango kama itafunguka.

3. Parua uso. Hapa usiharakishe. Ondoa rangi, mafuta na ule utando laini wa saruji ulio juu, mpaka kokoto za zamani zionekane. Brashi ya waya haitoshi. Mimi natumia patasi na nyundo, au mashine ya kugonga ikiwa eneo ni kubwa, lakini ndogo, maana nzito hupasua hata zege zima. Asidi siipendi kabisa: hailainishi mafuta, na mabaki yake hudhoofisha mshikamano. Vaa barakoa, vumbi hili huharibu mapafu. Kisha fagia, osha kwa maji ya kasi, ufagie tena.

Lowesha sakafu usiku kucha. Sakafu kavu hunyonya maji ya zege jipya. Yenye madimbwi hulegeza saruji pale pale panapotakiwa kushikana. Asubuhi kausha madimbwi: uso uwe na rangi iliyokolea bila kung'aa. Sugulia uji mzito wa saruji kwa brashi ngumu, eneo dogo tu mbele ya zege linalokuja. Usimruhusu mtu apake chumba kizima mapema. Uji uliokauka hautashikisha chochote, tena utatenganisha. Ukikauka, ukwangue upake upya.

4. Mwaga. Saruji 1, mchanga 2, kokoto 3, maji kidogo. Shindilia, vuta kwa ubao ulionyooka, piga mwiko.

5. Kata viungo, yaani mikato inayogawa sakafu vipande, sawasawa juu ya viungo vya sakafu ya zamani, kina chote cha tabaka jipya.

6. Funika kwa nailoni na umwagilie siku 7. Tabaka jembamba hukauka upesi, na kingo ndizo huinuka kwanza, kwa hiyo maji yaanzie huko.